Kabati la Kurudisha Saa, na Siku Nilipojisalimia

Kabla sijaliona Kabati, nililisikia. Nilikuwa nimesimama nje ya nyumba ya mbao na mabati, kule juu ya kilima kinachotazama stesheni ya reli ya Nairobi, viatu vya kuazima vikinibana vidole, nikasikia mvumo wa kengele. Mvumo ulianza chini kabisa, kama nyuki aliye mbali, ukapanda, ukanenepa, na mwisho kabisa ndipo pigo lenyewe likaja: ngo! Kisha kimya. Kengele ilikuwa imelia kinyumenyume, mwangwi kwanza na pigo baadaye. Mtu mwenye akili angeteremka kilima akatafute kazi ya kufyeka majani. Mimi nilibisha hodi.

Ninyi mnaobaki kwenye kazi hii mmeniomba niwaandikie mambo ya miaka yangu ya mwanzo, ile miaka ya hamsini ambayo mnaiona kwenye picha za kahawia. Vyeo nitaviacha, maana viliandikwa kwenye karatasi, na karatasi zimeliwa na mchwa kwa haki. Nitasema juu ya kazi yenyewe, na juu ya kosa langu moja, ili mtakapoikanyaga pedali mjue mnakanyaga nini.

Mlango ulifunguliwa na mtu mfupi, mkavu, mwenye mvi kwenye nyusi tu. Huyo alikuwa Mzee Njoroge, fundi wa saa kutoka Dagoretti. Yeye ndiye aliyenifundisha kila ninachokijua, pamoja na mambo mawili matatu ambayo nimejaribu kuyasahau.

"Wewe unaitwa nani?"

"Elisha, mzee."

"Umetoka wapi?"

"Vihiga."

Akaguna. "Watu wa salamu. Haya. Unajua kushona na cherehani?"

"Hapana, mzee."

"Vizuri. Wale wanajua kushona wanakanyaga haraka sana. Mmoja alitaka kurudi dakika tano, akajikuta asubuhi, hajavaa."

Basi akanionyesha. Kabati lilikuwa la mbao za behewa kuukuu, refu kuliko mtu. Ndani mlikuwa na kiti, gurudumu, na pedali kama ya cherehani. Juu ilining'inia ile kengele. Ukikanyaga mara moja, dakika moja inarudi. Ukikanyaga mara sitini, umerudi saa nzima, na ukizidisha hapo mkanda unaweza kukatika. Unafungua mlango, unatokea katika jengo lilelile, ila mapema: chai iliyokwisha nywewa imejaa tena kikombeni, na nzi uliyemuua anaruka akikucheka. Unarekebisha kosa ulilotumwa, kisha unarudi ndani ya Kabati kabla ya ile saa uliyoondoka kufika. Ukiwahi, Kabati linakuunganisha na yule wewe wa mapema, popote alipo, mnakuwa mtu mmoja mwenye kizunguzungu kidogo. Ukichelewa, kengele inalia ukiwa nje, na mnabaki wawili.

"Wawili kwa muda gani?" niliuliza.

"Mpaka mfe," alisema Mzee Njoroge, akaenda kutafuta mafuta ya kulainisha gurudumu.

Masharti yaliandikwa kwa rangi ukutani kwa Kiingereza. Chini yake Mzee Njoroge aliyaandika kwa chaki kwa watu wa kawaida: Usile ulichokwisha kula. Usiguse ambacho hukutumwa. Usijionyeshe kwako mwenyewe. Halafu, kwa herufi kubwa kuliko zote, sharti lake mwenyewe: USISALIMU MTU. Nilipouliza kwa nini, aliniangalia kama mtu anayeangalia mvua inayokuja. "Salamu haina breki," alisema.

Vifaa vyetu vilikuwa vichache. Kopo la mafuta. Baiskeli nyeusi, kwa sababu Kabati hukurudisha nyuma lakini halikufikishi popote. Miwani mikubwa ya waendesha pikipiki na kofia ya kufunika masikio, maana dakika zilizokwisha tumika huacha vumbi, vumbi la manjano lenye harufu ya nguo za sanduku la bibi. Jioni nilipopiga kichwa kofi, dakika za watu zilinidondoka mabegani. Nilizipenda. Niliwaza: hii ni robo saa ya karani fulani, hili ni chozi la mtu aliyekosa treni.

Mzee Njoroge alikuwa na kifaa kimoja zaidi, pasi yake, aliyoiweka ndani ya kofia. Zilikuwa siku za hali ya hatari, na Mkikuyu hakuthubutu kukanyaga mjini bila karatasi. Siku moja askari alikuja mpaka mlangoni, akamuuliza imekuwaje ameonekana Kileleshwa na pale stesheni, mahali pawili, saa ileile. Mzee akavua kofia, akafungua pasi taratibu.

"Afande, hii inaniruhusu kuwa Nairobi," alisema. "Haisemi mara ngapi."

Askari aliisoma mbele na nyuma, akamrudishia.

Kesi yangu ya kwanza ilikuwa ya keki. Mama mmoja wa Kileleshwa alikuwa na wageni wa heshima, na mbwa wake akaila keki yote kabla hawajakaa. Nikarudi dakika sitini, nikapanda baiskeli, nikaenda nikafunga dirisha la jikoni, nikarudi Kabatini nikitweta. Kazi safi. Lakini taarifa ikaja: mbwa amekosa keki, amekula kofia ya mgeni. Nikarudi tena, nikafunga dirisha na kuiweka kofia juu ya kabati la nguo. Mbwa akala kiatu kimoja cha bwana wa nyumba, na bwana alikuwa amekivaa.

Nilikuja kwa Mzee Njoroge nikiwa nusu ya kulia. Alikuwa anakula kiazi.

"Umefunga dirisha?"

"Nimefunga, mzee."

"Umeficha kofia?"

"Nimeficha."

"Na njaa umeifunga wapi?"

Alinipa mfupa wa ng'ombe uliofungwa kwa gazeti. Nikaenda mara ya tatu, nikampa mbwa mfupa, akalala. Tangu siku hiyo sikuwahi kwenda kazini bila mfupa mfukoni, na nasikitika kuona ninyi vijana mnakwenda mikono mitupu. Kosa halikai pale lilipoonekana. Ukiliziba mlango huu linazunguka nyuma ya nyumba.

Mkubwa wetu alikuwa Mzungu mrefu tuliyemwita Bwana Dakika. Alikuwa mtu mwema aliyeogopa kuchelewa kuliko wengine wanavyoogopa nyoka. Alivaa saa mbili, moja kila mkono, kila moja ikichunga mwenzake. Kiswahili chake kilikuwa cha amri, na hata alipokuombea heri ya sikukuu ulitaka kuruka kusimama wima.

Sasa nifike kwenye kosa langu.

Kulikuwa na msichana aliyeitwa Rebeka, mpishi katika nyumba moja ya Woodley. Alitoka karibu na Kakamega, alikuwa na sauti nzito na mikono iliyonukia iliki, na kwa miezi minane nilikuwa nimemwomba tuoane. Kila mara alijibu, "Nafikiria." Hakuwa anaringa. Alikuwa na mpango wake: kurudi kwao na kufungua hoteli ndogo ya chai na maandazi pale mabasi yanaposimama, na mwanamume atakayemwoa sharti aende naye. Alitaka kuwa na hakika kwamba mwanamume huyo ataweza kuosha vikombe.

Siku ya Alhamisi mchana watumishi wa Woodley walikuwa na ruhusa. Alhamisi moja, saa tisa kamili, nilisikia hodi kwenye mlango wa nyuma wa ofisi. Nikafungua. Rebeka alikuwa amesimama pale, raba zake nyekundu kwa vumbi la Barabara ya Ngong, ameibeba njia nzima usoni.

"Haya," alisema. "Nimekubali. Lakini usikorome."

Akageuka, akaenda zake kabla sijafunga mdomo. Niliganda mlangoni. Jua lilikuwa juu ya mabati, treni ilipiga king'ora bondeni, na kila kitu duniani kilikuwa kimefungwa vifungo vyake vyote.

Nusu saa baadaye Bwana Dakika alimwaga wino juu ya ramani ya barabara mpya. Wakubwa walikuwa waje kuiona saa kumi. Nilimkuta ameshika chupa, mikono ya buluu mpaka kwenye saa zote mbili.

"Wewe! Kuja! Rudisha dakika arobaini! Funga hii chupa! Upesi!"

Ilikuwa saa tisa na nusu. Nikavaa miwani, nikavuta kofia, nikakanyaga mara arobaini, nikatoka kwenye saa tisa kasoro dakika kumi. Chumba cha ramani kilikuwa kitupu, Bwana Dakika akivuta kiko uani. Nikakaza kifuniko cha wino. Kazi ya pumzi mbili. Kilichobaki ni kupita ukumbi mwembamba kurudi Kabatini, nami nilikuwa na zaidi ya nusu saa mkononi.

Lakini nilikuwa nimekubaliwa. Mtu aliyekubaliwa hawezi kutembea kimya. Bila kujua nilianza kuimba wimbo wa kanisani kwa lugha ya kwetu, na kule mwisho wa ukumbi, akiwa na sinia la chai mkono wa kushoto, nikatokea mimi, yule wa mapema.

Hakunitambua. Miwani ilinifunika nusu ya uso, na nusu iliyobaki hakuifahamu sana. Sisi tulinyolea vioo vidogo, shavu moja kwa wakati mmoja. Alisikia tu lugha ya mama katika ofisi ya Wazungu, na uso wake ukawaka kama taa.

"Mirembe!" alinisalimu, akaukamata mkono wangu wa kulia.

"Mirembe," nilijibu. Ningefanya nini? Ndivyo nilivyolelewa. Mama angeinuka huko aliko.

"Habari za nyumbani?"

"Nzuri."

"Mvua?"

"Inanyesha."

"Ng'ombe?"

"Wazima. Ndugu, nina haraka kidogo."

"Haraka ya nini, na tumekutana ugenini! Nyumbani wapi?"

"Vihiga."

"Vihiga! Upande gani?"

"Kule kwenye kinu cha maji."

"Kwenye kinu! Kwa nani?"

Hapo ningetaja ukoo wa uongo. Lakini nani anaweza kuukana ukoo wake huku ameshikwa mkono? Nikasema kweli. Alilia kwa sauti. Hakuuachia mkono wangu. Kwetu mkono wa salamu hauachiwi mpaka salamu iishe, na salamu zake zilikuwa bado kwa mjomba wa pili. Nilizijua habari zote alizoniuliza. Nilijua hata anachotaka kuuliza baadaye. Nilimjibu vifupi, akadhani nina huzuni, akazidi kunifariji.

Ndipo hodi ikapigwa kwenye mlango wa nyuma. Saa tisa kamili.

"Nenda ukafungue," nilimwambia. "Nenda sasa hivi!"

"Atangoja," alisema kwa upole. "Mgeni haachwi amesimama kwenye ukumbi. Mama yako ni nani?"

"Nakuomba ufungue mlango!"

"Ona unavyojali watu wengine! Umelelewa vizuri. Na nani?"

"Na Rasoa!" nilipiga kelele.

Sinia likayumba. "Rasoa wa kwenye kinu? Huyo ni mama yangu!" Machozi yakamjaa. "Kumbe nina ndugu! Na hawakuniambia!"

Akaweka sinia chini ili anikumbatie vizuri. Hodi ilipigwa tena, mara nne, kisha mara tatu za hasira. Nikasikia raba zikiondoka juu ya kokoto. Ningeweza kumsukuma na kukimbia, nilikuwa na nguvu sawasawa na zake. Hiyo ndiyo iliyokuwa shida. Tulisukumana kwa upendo karibu nusu saa, hadi mvumo ulipoanza, ukapanda, ukanenepa. Ngo!

Mzee Njoroge aliingia akifuta mikono. Alitutazama. Akaja akanivua miwani, akatutazama tena, mmoja baada ya mwingine, kama mtu anayelinganisha skrubu.

"Ngai," alisema, akimtaja Mungu kwa lugha yake. "Mmoja alikuwa ananitosha kabisa."

Yule mwenzangu alinyoosha kidole akaligusa kovu kwenye kidevu changu, kisha lake. Akakaa chini kando ya chai.

"Turudi tena, mzee," nilisihi. "Nirudi niwahi kule ukumbini nijikataze!"

"Ukirudi mtakuwa watatu. Kabati halifuti mtu, linaongeza tu. Namjua mtu alifika wanne. Walicheza karata, kila mmoja akijua karata za wengine." Akashusha pumzi. "Sikilizeni. Kazi ni moja. Kipande cha utambulisho ni namba moja, alama za vidole ni zile zile. Mkionekana pamoja mjini mtafungwa pamoja. Mmoja lazima aondoke Nairobi."

Kisha wote wawili tukasema, kwa sauti moja, "Rebeka."

Mzee Njoroge alikuna nyusi. "Basi yeye ataamua. Yule atachukuliwa na msichana aende naye kwao. Yule atabaki, abaki na mimi, na Mungu amsaidie."

Nilikubali upesi, maana nilikuwa na kitu ambacho mwenzangu hakuwa nacho. Nilikuwa nimesikia jibu. Sikumwambia. Tulitembea kwenda Woodley, mmoja upande huu wa Barabara ya Ngong na mwingine ule, ili askari wasituhesabu. Njia nzima niliona nyuma ya shingo yake, shingo ambayo sikuwa nimewahi kuiona, nyembamba, imeinama. Yeye alikuwa bado ni mtu wa miezi minane ya "nafikiria". Niliwahi kuwa yeye hadi saa tisa ya siku ileile, na tayari nilikuwa nimesahau inavyouma.

Rebeka alikaa kwenye safu ya vyumba vya watumishi nyuma ya nyumba ya mwajiri wake. Tulimkuta ndani, ameketi kitandani akivua raba. Alimtazama mmoja, akamtazama wa pili. Ilitubidi kueleza yote, na alisikiliza bila kupepesa.

"Kwa hiyo," alisema mwishoni, "nimetoka Woodley kwa miguu mpaka huko kilimani, nimebisha mlango mpaka vidole vimewaka moto, na wewe ulikuwa ndani unajisalimia."

"Ni yeye alinishika," nilisema.

"Ni yeye alikuwa anaimba," alisema mwenzangu.

"Rebeka," nikasema, nikasonga mbele, "tusipoteze muda. Wewe umeshakubali. Ulisema, 'Haya, nimekubali, lakini usikorome.'"

Raba ilimdondoka mkononi.

"Umeyatoa wapi hayo maneno?"

"Kwako. Saa tisa."

"Mimi sijayasema." Alisimama. "Nimeyatengeneza njia nzima. Nimeyasema kwa miti, nimeyasema kwa ng'ombe wa Mzungu pale kona. Yalikuwa yangu. Na wewe unaingia hapa unayavaa kama koti lako."

"Lakini ni kweli uliyasema!"

"Basi kamtafute aliyeyasema umwoe."

Vijana wangu, nimewaonyesha mkanda unaoweza kukatika na kengele inayoweza kukuacha nje. Hayo ni madogo. Siku ile niliona hatari yenyewe ya Kabati: unarudi kwa watu ukiwa unajua, na wao wanakuona usoni kwamba unajua, nao wanakufungia mlango.

Mwenzangu alikuwa bado amesimama karibu na dirisha, kofia mikononi, akiikunja kama kitambaa cha kuoshea vyombo.

"Mimi sikujua," alisema. Sauti yake ilikuwa ndogo. "Sijui hata sasa. Baada ya hayo uliyoyapanga kuharibiwa, labda umeghairi. Mimi nimekuja kuuliza tu. Nikikataliwa nitarudi kwa huyo mzee, huyu achukue hata hoteli." Akanionyesha kwa kidevu. "Vikombe najua kuosha. Nakoroma au sikoromi, sijawahi kuwa macho nikasikia."

Rebeka alimgeukia. Nilimjua mwenzangu yule mpaka mifupani, na bado sikuweza kukisia atakachosema mwanamke yule. Kwa mara ya kwanza tangu saa tisa sikujua kinachofuata, na niliogopa kama yeye alivyoogopa.

"Kaa," Rebeka alimwambia. "Umekula?"

Akakaa kwenye kigoda. Hakukuwa na kigoda kingine.

Nilisema kwaheri vizuri, kama mtu mzima. Rebeka alikata nusu ya mkate akaifunga kwa kitambaa akanipa, akanishika mkono kwa nguvu, mkono wenye harufu ya iliki, akauachia. Mwenzangu alinisindikiza hatua tatu mpaka kizingitini.

"Wewe ni mkubwa wangu kwa dakika arobaini," alisema. "Watoto watakuita baba mkubwa."

"Osha vikombe," nilimwambia.

Alicheka, kicheko changu, nikakisikia kutoka nje kwa mara ya kwanza, na hakikuwa kibaya. Kule kilimani Mzee Njoroge alikuwa anangoja kujua ni nani atakuja kazini kesho. Nikashuka ngazi moja, nikatia mkate kwapani, na nyuma yangu mlango ukafungwa polepole, kama unavyofungwa mlango wa mtu ambaye hakufukuzwa.